Terminator Genisys (2015): maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu sehemu ya tano iliyowaangusha wengi

Ukurasa huu ni wa watazamaji na wenye vibanda vya video nchini Uganda wanaoitazama au kuionyesha sinema hii kwa Kiswahili, iwe Kampala, Busia, Arua au Nakivale. Majibu yanafichua kisa chote hadi mwisho. Ambaye hajaitazama na hataki kuharibiwa utamu, asome swali la mpangilio wa kutazama tu, kisha arudi baadaye.

Kisa chenyewe ni kipi?

Mwaka 2029 wanadamu wanakaribia kuishinda Skynet, mtandao wa mashine uliowaangamiza mabilioni ya watu. Skynet inarusha roboti hadi 1984 akamuue Sarah Connor kabla hajamzaa John, kiongozi wa wapiganaji. John anamtuma askari wake Kyle Reese amlinde. Hadi hapo ni kisa kilekile cha sinema ya kwanza. Ila Kyle akiwa bado ndani ya mashine ya wakati anaona John akivamiwa kwa nyuma, na anapotua 1984 anakuta mambo yamegeuka. Sarah ni mpiganaji tayari, na tangu 1973, akiwa na miaka tisa, amelelewa na roboti mzee anayemwita Pops. Wanaruka hadi 2017 kuizuia programu iitwayo Genisys, ambayo ndiyo Skynet kwa jina jipya, na huko wanagundua kwamba John mwenyewe amegeuzwa mashine.

Nini hasa kiliharibika?

Wengi hukimbilia kumlaumu Arnold Schwarzenegger (Pops) kwa uzee au Emilia Clarke (Sarah) kwa umbo dogo. Tatizo haliko hapo. Tatizo ni kwamba sinema inafuta sababu za mambo, halafu inataka mtazamaji aendelee kuyajali matokeo yake.

Chukua mfano mmoja tu. Katika sinema ya 1984, Sarah anaanza akiwa mhudumu wa mgahawa. Anaogopa, anakimbia, anampoteza mtu, na mwishoni anaendesha gari peke yake kuelekea jangwani akiwa mja mzito. Safari hiyo ndiyo sinema yenyewe. Katika Genisys anaingia na gari la kivita akiwa amekwisha kujua kila kitu: jina la mtoto atakayemzaa, baba wa mtoto, na siku ambayo huyo baba alipaswa kufa. Hana pa kwenda. Kyle naye, aliyekuwa mtu pekee mwenye habari za kesho, sasa ndiye anayefundishwa. Mapenzi yao, yaliyoanzia kwenye picha moja iliyochakaa, hapa yanasimamiwa na roboti anayewauliza lini watazaa. Watu wanacheka pale, na kicheko kile ndicho kinachoua uchungu.

Kosa la pili ni kurudia. Roboti kijana anatua Los Angeles usiku na kukutana na wahuni watatu, na picha zimepangwa kama zile za 1984. Anapotokea Pops na bunduki kuikatiza hadithi ya zamani, ukumbi wote unaamka. Ni dakika nzuri, pengine bora kuliko zote humu. Lakini baada ya hapo sinema inaendelea kukopa. T-1000, roboti wa chuma kinachoyeyuka aliyetoka sehemu ya pili, anarudi amevaa sare ya polisi, na anamalizwa kwa mtego wa tindikali kabla hata safari ya kwenda 2017 haijaanza. Mwaka 1991 adui huyo alitosha kubeba sinema ya dakika 137.

Kosa la tatu ni John. Kwa sinema nne tumeambiwa aokolewe. Ukimgeuza kuwa adui, lazima umlipe mtazamaji kitu cha uzito uleule, na hapa malipo ni mapigano ya vyuma tu.

Je, ni kweli trela ilitoboa siri?

Kweli. Trela ya pili, iliyotoka miezi michache kabla ya Julai 2015, ilionyesha wazi John akiwa mashine, na mabango yakafuata. Mwongozaji, Alan Taylor, alisema hadharani baadaye kwamba hakupendezwa. Haki itendeke, hata hivyo: matangazo ya sehemu ya pili mwaka 1991 nayo yalifichua kwamba Arnold safari hii ni mlinzi, na sinema ile haikufa. Sinema yenye mambo kumi hustahimili moja likivuja. Hii ilikuwa na jambo moja jipya, na ndilo lililovuja.

Pops alitumwa na nani?

Sinema haijibu. Pops mwenyewe anasema kumbukumbu hiyo imefutwa ili aliyemtuma asijulikane. Jibu lilihifadhiwa kwa ajili ya sehemu mbili zilizokuwa zimepangiwa tarehe za 2017 na 2018, na zote zilifutwa. Usipoteze muda kurudisha nyuma ukitafuta dokezo.

Kyle anawezaje kukumbuka utoto wa aina mbili?

Ndani ya sinema maelezo ni haya: John alivamiwa wakati Kyle yumo katikati ya nguvu za mashine ya wakati. Tukio hilo liligeuza historia, na kwa kuwa Kyle alikuwa "njiani", alibaki na kumbukumbu za pande zote mbili. Upande mmoja alizaliwa baada ya vita. Upande mwingine ni mtoto wa mwaka 2017 anayejiambia mbele ya kioo kwamba Genisys ni Skynet. Maelezo hayo hutolewa kwa sentensi chache za haraka, na ukienda kununua maji umeyakosa.

John akiwaua wazazi wake kabla hajazaliwa, si atatoweka?

Kwa sheria za sinema ya kwanza, ndiyo, na hilo ndilo lililofanya Skynet imwinde Sarah. Kwa sheria za sinema hii, hapana: John huyu ametoka katika mkondo mwingine wa historia na hategemei tena kuzaliwa katika huu. Ona inavyojikata mguu. Kama mzazi akifa mtoto anabaki, basi kulikuwa na haja gani ya kumwinda mzazi?

Kwa nini Pops hakuruka nao hadi 2017, na roboti anazeekaje?

Mashine ya wakati hupitisha tu kitu kilichofunikwa na mwili hai, ndiyo maana kila anayetua yuko uchi. Nyama ya mkono wa Pops iliharibika hadi chuma kikaonekana, kwa hiyo akabaki na kungoja miaka 33. Chuma hakizeeki, lakini ngozi na nywele juu yake ni za mwili wa kweli, nazo hufuata umri. Arnold alikuwa na miaka 67 sinema ilipotoka, na wazo hili lilimruhusu kuonekana na umri wake bila kujificha. Halafu baada ya kungoja miaka yote hiyo, anachelewa kuwapokea kwa sababu ya jamu barabarani. Hapo mtu wa Kampala hahitaji kutafsiriwa.

Arnold kijana wa 1984 ni picha ya zamani?

Hapana. Kampuni ya MPC ilimtengeneza kwa kompyuta, na mwili wa kuigizia ulikuwa wa mjenga misuli Brett Azar. Ukitaka kuona kazi yao, mtazame roboti anaposimama bila kusema. Akianza kusukumana ukutani, uzito wa mwili unapungua kidogo.

Iliingiza dola milioni 440. Mbona inaitwa hasara?

Kwa sababu fedha za tiketi si zote za studio. Bajeti ya kutengeneza ilikuwa dola milioni 155, bila kuhesabu matangazo. Mapato yaligawanyika takriban hivi: milioni 90 Marekani na Kanada, 113 China, na kama 237 kwingineko. Kwa kawaida studio hubaki na karibu nusu ya tiketi za nyumbani, robo tu ya zile za China, na labda asilimia 40 za nchi nyingine. Piga hesabu: 45, jumlisha 28, jumlisha 95, unapata kama milioni 168. Ukitoa 155, zinazobaki haziwezi kulipia mabango na matangazo ya televisheni ya dunia nzima. Ni makadirio, lakini yanaonyesha kwa nini hakuna aliyeharakisha kutengeneza mwendelezo.

Kwa kulinganisha, sehemu ya pili ya 1991 iligharimu kama milioni 102 na kuingiza karibu 520. Sehemu ya sita ya 2019, Dark Fate, iligharimu 185 na kuingiza 261 tu, ingawa wakosoaji waliipokea vizuri zaidi. Watu walikuwa wameshachoka, na deni la Genisys lililipwa na sinema iliyofuata.

Mbona kibandani watu huifurahia?

Kwa sababu ya VJ, yaani mtafsiri anayeisimulia sinema. Aliyezoea sinema za kutafsiriwa, iwe kwa Luganda mtindo wa VJ Jingo na VJ Junior au kwa Kiswahili mtindo wa DJ Afro wa Kenya, anajua kwamba mtafsiri hafasiri maneno tu. Anaziba mashimo. Swali ambalo mwandishi wa Hollywood ameliacha wazi, VJ analijibu papo hapo kwa mzaha, na mkutano unaendelea kupiga makofi. Genisys ni sinema yenye mashimo mengi, hivyo VJ hodari anaikuta shamba lililolimwa. Ukiitazama baadaye nyumbani kwa Kiingereza, peke yako, kimya, ndipo unaona kilichokuwa kinashikilia paa.

Kinachomshinda hata VJ ni kanuni ya kibanda kwamba stelingi hafi wala hageuki. John anapogeuka, utasikia wengine wakisisitiza kwamba "anajifanya tu" hadi mwisho.

Ninaitafsiri kwa Kiswahili. Nizingatie nini?

Taja mwaka kila eneo linapobadilika, hata kama umeshautaja: 2029, 1984, 1973 katika masimulizi, halafu 2017. Mtu akiingia amechelewa dakika tano, mwaka ndio kamba yake pekee.

Katika matukio ya 1984 kuna roboti watatu, wawili wao wenye sura ya Arnold. Wape majina tofauti mapema. "Mzee" na "Kijana" yanatosha. Neno "Mzee" lina faida nyingine: Pops si jina la kiwandani, ni namna Sarah anavyomwita aliyemlea, na "Mzee" hubeba umri na ubaba kwa pamoja. "Babu" hupoteza ubaba.

Judgment Day, siku Skynet inapowaangamiza watu, itafsiriwe hivyohivyo, Siku ya Hukumu, lakini iongezee "ya mashine" mara mbili za kwanza, maana wapo watakaofikiri ni Kiyama. Genisys usiitafsiri. Eleza mara moja kwamba ni programu itakayounganisha simu, kompyuta na mitambo ya jeshi, na kwamba saa inayohesabu kwenda nyuma ni ya kuwashwa kwake. Saa hiyo baadaye inaharakishwa, sema inapotokea.

Pa kunyamaza: pale Mzee anapokutana na Kijana, acha milio ifanye kazi. Pasipo ruhusa ya kutania: mazungumzo ndani ya gari la kivita baada ya Kyle kuokolewa. Historia mpya yote inaelezwa hapo. Ukiweka mzaha mahali hapo, utalipa kwa maswali saa nzima.

Mabomu yanasikika lakini maneno hayasikiki. Spika zimeharibika?

Mara nyingi spika hazina kosa. Faili nyingi za sinema hii zina sauti ya njia sita, na maongezi yamewekwa katika njia ya katikati. Ukiwa na spika mbili tu na kichezeshi hakijaambiwa kuchanganya, njia ya katikati hupotea au hufifia, ukabaki na muziki na milipuko. Ingia kwenye mipangilio ya sauti ya kichezeshi au televisheni na uchague sterio badala ya 5.1 au "bitstream". Kwenye VLC fungua menyu ya Audio, kisha Stereo Mode. Baada ya hapo punguza besi ya amplifaya kidogo. Watu wengi hufanya kinyume, wanaongeza sauti yote, na spika inapasuka kwenye mapigano ya darajani.

Picha ni giza, na maandishi ya chini yamekatwa.

Vita vya mwanzo vya 2029 karibu vyote ni usiku. Kwenye ukumbi wa mabati wenye matundu, mchana, projekta ya lumeni 3,000 inajitahidi kwenye kitambaa cha upana wa mita mbili. Ukikivuta hadi mita tatu mwanga huohuo unatawanyika kwenye eneo zaidi ya mara mbili, na watu watatazama kivuli. Ziba matundu ya upande wa nyuma ya watazamaji kwanza, maana mwanga wake ndio unaopiga kitambaa.

Kuhusu maandishi: sinema imepigwa kwa picha pana, kwa hiyo mistari myeusi juu na chini ni halali yake. Ukibonyeza Zoom kuiondoa, unakata pande zote na maandishi ya chini yanakwenda nayo. Rudisha kwenye saizi ya kawaida.

Faili haikubali kuingia kwenye flashi, au maandishi yanachelewa.

Flashi yenye mfumo wa FAT32 haipokei faili moja inayozidi GB 4 hata kama ina nafasi ya GB 32. Ifomati kwa exFAT au NTFS, baada ya kuhakikisha televisheni yako inausoma mfumo huo, na kumbuka kufomati hufuta vyote vilivyomo. Faili ya maandishi (.srt) iwe na jina lilelile la sinema, herufi kwa herufi, na ikae folda moja nayo. Yakitangulia au kuchelewa kwenye VLC, bonyeza H kuyachelewesha na G kuyawahisha. Kila mbonyezo ni milisekunde 50.

Tutazame kwa mpangilio gani, na mafuta kiasi gani?

Hazifuatani kwa namba. Ya kwanza (1984) na ya pili (1991) ndizo shina. Kutoka hapo, ya tatu (2003) na ya nne (2009) ni tawi moja, Dark Fate (2019) ni tawi la pili linalojifanya hizo hazikuwepo, na Genisys inarudi hadi 1984 na kuanza tawi lake. Anayetaka kuielewa Genisys anahitaji mbili za kwanza tu: dakika 107, 137, na 126 za yenyewe, jumla saa sita na dakika kumi. Zote sita ni saa kumi na mbili na dakika mbili, na hatushauri.

Umeme ukikatika, jenereta ndogo ya Wati 950 hutosha televisheni ya inchi 43 (kama Wati 100), amplifaya na kompyuta, ukiacha nafasi ya feni moja au mbili. Hunywa takriban nusu lita hadi robo tatu kwa saa, kwa hiyo lita tano zitatosha sinema hizo tatu. Jenereta hizi za mipigo miwili huhitaji oili ndani ya petroli: mililita 20 kwa lita, yaani 100 kwa lita tano. Ikipungua, pistoni hukwama. Ikizidi, plagi hujaa masizi na mashine kuzimika katikati ya sinema. Zima na uache ipoe kabla ya kujaza, na ikae nje mbali na mlango na madirisha. Moshi wake huua bila harufu ya kutisha.

Watoto waruhusiwe?

Marekani iliipa PG-13 (wazazi wawe waangalifu kwa walio chini ya miaka 13), sawa na ya nne. Damu ni kidogo na uchi umefichwa. Lakini msidhani zote ziko hivyo: ya kwanza, ya pili, ya tatu na ya sita ni za watu wazima, na ya kwanza ina tendo la ndoa. Mkionyesha mfululizo, watoto waingie kwenye Genisys pekee, na hata hapo mwenye miaka chini ya kumi atatishwa na nyuso zinazoyeyuka.

Nimenunua diski halali. Naweza kuonyesha kwa kiingilio?

La. Diski inakupa haki ya kutazama nyumbani. Kwa Sheria ya Hakimiliki na Haki Shirikishi ya 2006 ya Uganda, kuonyesha hadharani na kutafsiri ni haki za mwenye kazi, na kila moja inahitaji idhini yake.

Mbona James Cameron aliisifu?

Kabla haijatoka alionekana kwenye video ya matangazo akisema kwake hii ndiyo sehemu ya tatu halisi. Miaka minne baadaye alikuwa mtayarishaji wa Dark Fate, inayoendesha mambo kana kwamba Genisys haikutokea. Kila mtu asome mwenyewe hapo.

Tungoje hadi majina yaishe?

Kuna kipande kifupi katikati ya majina: chini ya jengo lililolipuliwa la Cyberdyne, kampuni iliyotengeneza Genisys, moyo wa Skynet bado unawaka. Kiliwekwa kutayarisha sehemu ya 2017. Jenereta ikiwa imebakiwa na mafuta kidogo, zima tu.